Kwa nini faili lililolala miaka minne huamka wiki ileile unayofungua kesi?

#1 Mkwezi wa Mlandizi
Wakuu, salaam. Nina swali, na nyuma yake kuna kisa, mnivumilie.

Mzee wetu alifariki akaacha kiwanja. Mirathi ilikwenda vizuri, nikateuliwa msimamizi, na mwaka 2020 nikapeleka maombi ya hati kwenye ofisi moja ya ardhi (msiniulize ipi). Viambatanisho vyote nilikuwa navyo, nikalipia, nakala yangu ikagongwa mhuri wa kupokelewa. Tangu siku hiyo nimesikia kila kitu isipokuwa jibu. Mtandao uko chini. Afisa yuko safari. Faili liko kwa bosi. Faili limetoka kwa bosi. Rudi Alhamisi. Dada wa mapokezi tulizoeana hadi akanipa kadi ya mchango wa harusi ya mdogo wake. Nikachanga, nikaenda, nikacheza. Faili halikusogea.

Mwaka jana binamu akanipeleka kwa wakili. Wakili akaandika barua ya kudai majibu, kimya. Akaenda Mahakama Kuu kuomba kibali cha kufungua maombi ya mandamus. Wito ukapelekwa kwa ofisi ile na kwa Mwanasheria Mkuu siku ya Jumatatu. Ijumaa saa tatu asubuhi simu inaita: "Wewe ndiye msimamizi wa mirathi ya marehemu fulani? Njoo, ombi lako limefanyiwa kazi."

Siku nne, baada ya miaka minne! Jaji hata hajafungua mdomo. Nauliza: kati ya Jumatatu na Ijumaa kilitokea nini humo ndani?

#2 Nyangumi07
Nimeshavuta kiti, karanga ziko mkononi. Wanasheria njooni.

#3 Mama Zai
Kilichotokea kinajulikana, mnazunguka bure. Faili lilikuwa linasubiri "ya maji". Wewe ukajifanya mgumu, wakakuweka benchi. Ulipokwenda mahakamani, bei ikafa. Kwisha habari.

#4 Wakili Nusu Msomi
Mama Zai, inawezekana, ila si kila ucheleweshaji ni rushwa. Ngoja niweke msingi kwanza.

Mandamus ni Kilatini, maana yake "tunaamuru". Ni amri ya Mahakama Kuu kumtaka mtu mwenye wajibu wa umma autekeleze. Kwa Tanzania utaratibu wake uko kwenye Sheria Sura ya 310, ambayo jina lake kamili ni Sheria ya Marekebisho ya Sheria (Ajali Zinazosababisha Vifo na Mambo Mengineyo). Ndiyo, umesoma sawasawa, ajali. Mandamus imejibanza kwenye hayo "mambo mengineyo". Hatua ni mbili: unaomba kibali, ukikipata una siku 14 za kufungua maombi yenyewe. Kanuni zake ni za 2014, Tangazo la Serikali Na. 324.

Vigezo watu wanavitoa kwenye kesi ya Byombalirwa ya 1986, dhidi ya Mkuu wa Mkoa na Kamanda wa Polisi kule Bukoba. Uwe umedai utekelezewe na umekataliwa. Wajibu uwe umewekwa na sheria, na uwe unakuhusu wewe mwananchi, si serikali peke yake. Uwe wa lazima, si wa hiari ya ofisa. Uwe na maslahi katika jambo lenyewe. Na pasiwe na njia nyingine ya kupata haki yako.

Sasa swali la mtoa mada. Ninavyoona mimi ni kiapo kinzani. Wito ukifika, mtu wa ofisi ile anatakiwa aape kwa jina lake na saini yake kueleza faili lilikuwa wapi miaka minne. Nani ataapa? Mkuu wa idara anamwangalia afisa, afisa anamwangalia karani. Kumjibu mwombaji ni rahisi kuliko kuapa.

#5 Kiroboto wa Kibaha
Kwa hiyo faili la mwenzetu lilipata ajali inayosababisha vifo. 😂

#6 Karani Mstaafu
Vijana, mimi nimekaa masijala miaka 31. Wakili kaongea vizuri lakini anaamini faili lilikuwa linajulikana liko wapi. Mimi nawaambia halikujulikana.

Jalada likitoka masijala linaandikwa daftarini: limekwenda kwa nani, tarehe gani. Afisa analisoma, anaandika dokezo, na akiwa mtu makini anaandika B/U na tarehe, yaani nirudishieni siku hiyo. Asipoandika B/U, jalada hilo halina wa kulikumbuka tena. Afisa akihamishwa, anayekuja anakuta rundo, anaanza na ya juu. Ya chini ni ya mwenye nayo. Nimewahi kuona jalada la mtu limekaa chini ya chupa ya chai mpaka gamba lina duara la kahawia kama mhuri.

Ugonjwa mwingine ni namba. Karani akikosea, 45 ikawa 54, karatasi zako zinaingia kwenye jalada la mwingine. Wewe unakuja unauliza kwa namba yako, linaletwa jalada jembamba halina kitu, unaambiwa "bado halijafanyiwa kazi". Hakuna aliyekudanganya.

Wito wa mahakama ukifika, kwa mara ya kwanza mkubwa anasema: LITAFUTWE. Makarani wanne wanaacha kazi zote. Linapatikana siku hiyohiyo. Hiyo ndiyo Jumatatu hadi Ijumaa yako.

Halafu ule mchango wa harusi, ulitoa shilingi ngapi?

#7 Mkwezi wa Mlandizi
Karani, umenishtua. Jalada langu nililiona mezani, na duara LIPO. Nilidhani ni kikombe cha siku hiyo.
Elfu hamsini.

#8 Karani Mstaafu
Ndiyo maana. Single hiyo. Ungetoa ya double.

#9 Sukari Guru
Swali kwa Wakili Nusu. Kuishtaki serikali si lazima utoe notisi ya siku 90? Mtoa mada hakutaja. Naona kama chai hii.

#10 Wakili Nusu Msomi
Notisi ya siku 90 ni ya kesi za madai dhidi ya serikali, Sura ya 5. Marekebisho ya 2020 yakaongeza kwamba Mwanasheria Mkuu lazima aunganishwe, hata unayemshtaki akiwa halmashauri au shirika la umma. Maombi ya mapitio ya mahakama, kama haya ya mandamus, yana njia yake kwenye Sura ya 310, na humo nako Mwanasheria Mkuu anaitwa tangu hatua ya kibali. Barua ya kudai majibu ambayo wakili wake aliandika si notisi hiyo. Ni kile kigezo cha kwanza cha Bukoba, kuonyesha kwamba ulidai. Si chai.

#11 Sukari Guru
Sawa, nimepokea. Lakini kibali kina ukomo wa miezi sita. Ombi la 2020, kesi ya mwaka jana. Miezi sita imepita mara ngapi?

#12 Wakili Nusu Msomi
Hapo umegusa kidonda. Kanuni inasema miezi sita tangu kitendo au kutotenda kunakolalamikiwa. Kitendo kina tarehe. Kutotenda kuna tarehe gani? Mimi nahesabu kuanzia siku barua ya kudai ilipokosa jibu, maana hapo ndipo walipokataa. Wakili wa Serikali atasimama aseme walikataa tangu 2021 na wewe ulilala.

#13 Kiroboto wa Kibaha
Mimi nasema kila siku wasiyojibu ni kosa jipya. Kama kodi ya nyumba.

#14 Sukari Guru
Kwa hesabu hiyo basi ukomo hauna maana, mtu atakuja na ombi la babu yake la enzi za ukoloni. Sikubaliani.

#15 Ngosha wa Ohio
Wakuu wa nyumbani, salaam. Huku Marekani nilipo watu wanafanya hivi kila siku, tena kwa makaratasi ya uhamiaji. Mimi ni mmojawapo. Nilifanya mahojiano ya kuomba uraia, nikafaulu mtihani, nikaambiwa nisubiri barua. Sheria ya huku inasema siku 120 zikipita tangu mahojiano bila uamuzi, unaweza kwenda mahakama ya wilaya ya shirikisho, na jaji ama akuamulie mwenyewe ama alirudishe ombi na maelekezo. Ada ya kufungua ni dola 405, wakili ni juu yako. Serikali inapewa siku 60 kujibu. Mimi siku ya 41 nikapata barua ya kwenda kula kiapo.

Ila sikubaliani na Wakili wala Karani. Nani anafungua kesi? Mwenye hela ya wakili na mwenye faili safi. Mwenye doa haendi kujichomolea nyoka pangoni. Kwa hiyo mnaona kesi inafungua mafaili, kumbe ni mafaili yaliyokuwa karibu kufunguka yenyewe. Mimi pia huenda barua ingekuja siku ya 50 hata bila kesi. Sitajua.

#16 Bado Nasubiri
Ngosha, nimesikia green card nayo ikipita siku 120 unashtaki. Shemeji yangu huko ana miezi minane.

#17 Ngosha wa Ohio
Hapana, hizo 120 ni za uraia tu, na zinaanza baada ya mahojiano, si siku ya kutuma fomu. Kwingine unatumia sheria ya mandamus ya 1962 pamoja na ile ya taratibu za kiutawala, na hakuna namba ya siku. Jaji anapima kama ucheleweshaji umevuka mipaka ya busara, kwa vigezo sita ambavyo mahakama ya rufaa ya Washington D.C. iliviweka 1984. Kimojawapo ni foleni: je, ukisogezwa wewe mbele, unamruka nani? Miezi minane jaji atakuambia rudi kwenye mstari.

Waomba hifadhi ndiyo kabisa. Sheria inataja siku 180, halafu aya nyingine inasema hakuna mtu anayeweza kuidai haki hiyo mahakamani. Wamekupa kwa mkono wa kulia, wamechukua kwa wa kushoto. Na tangu Januari 2018 ofisi zao zilirudia kuwaita wa mwisho kuja kwanza, kwa hiyo wa zamani wanazidi kuwa wa zamani.

#18 Mama Zai
Wa mwisho kuja wa kwanza kuitwa! Hiyo foleni ya wapi, ya kuzimu?

#19 Nyangumi07
Na viza? Mke wangu yupo Tanga, aliambiwa "administrativu prosesingi", yaani bado wanachunguza, mwaka wa pili sasa.

#20 Ngosha wa Ohio
Pole mkuu. Hapo pagumu. Mwaka 2024 mahakama ya rufaa ileile ya D.C., kwenye kesi ya Karimova, ilisema viza ikishanyimwa kwa karatasi kwamba bado wanaendelea kuchunguza, hiyo ni tayari imekataliwa, hivyo hakuna uamuzi unaosubiriwa wa kuamriwa. Majaji wengine nje ya D.C. si lazima waifuate. Tafuta wakili anayejua mahakama ya shirikisho ya eneo unalokaa wewe unayemwombea.

#21 Otoyo254
Sasani wabongo. Huku Kenya hatuingii kwa mlango wa ajali. Ibara ya 47 ya Katiba ya 2010 inampa kila mtu haki ya hatua ya kiutawala iliyo ya haraka, yenye ufanisi, halali, ya busara na yenye utaratibu wa haki. Bunge likatunga sheria yake 2015. Ukicheleweshwa, kuchelewa kwenyewe ndiyo kesi. Ila sheria hiyohiyo inakuambia kwanza umalize njia za ndani za ofisi, ndiyo korti ikusikize.

Lakini nawaambia kitu kimoja ambacho huyo wakili wenu hajasema kwa sauti. Mahakama ya Rufaa yetu iliamua 1997, kesi ya Baraza la Mitihani, kwamba mandamus inalazimisha wajibu ufanywe. Haisemi ufanywe vipi kama sheria imemwachia ofisa achague. Yaani korti itasema JIBUNI. Haitasema JIBUNI NDIYO.

#22 Kiroboto wa Kibaha
Na wakigoma kujibu hata baada ya amri? Huko kwenu nasikia serikali inaziweka amri kwenye droo.

#23 Otoyo254
Inatokea. Machi 2018 Mahakama Kuu Nairobi iliwatoza waziri wa usalama wa ndani, Inspekta Jenerali wa polisi na mkuu wa uhamiaji faini ya shilingi 200,000 kila mmoja kwa kukaidi amri zake katika sakata la Miguna Miguna, mwanasiasa wa upinzani aliyefukuzwa nchini. Faini walipigwa, lakini mtu wao alikuwa ameshapandishwa ndege. Na mandamus nyingi huku si za vibali, ni za pesa. Umeishinda serikali, mali yake huwezi kupiga mnada, kwa hivyo unarudi kortini kuomba ofisa mwenye hazina aamriwe alipe. Kuna watu wana hukumu wameiweka kwa fremu ukutani.

#24 Wakili Nusu Msomi
Otoyo, nilikuwa nakuja hapo, msiniwahi. Kesi ya mandamus maarufu kuliko zote duniani ni ya Marekani, Marbury dhidi ya Madison, 1803. Bwana Marbury aliteuliwa hakimu wa amani, barua ya uteuzi ikabaki mezani kwa sababu serikali ilibadilika kabla haijapelekwa. Akaomba mandamus apewe barua yake. Mahakama ya Juu ya huko ikasema haki unayo, lakini kifungu kinachotupa sisi mamlaka ya kuanza kusikiliza kesi hii kinapingana na Katiba, hivyo ni batili. Wanafunzi wa sheria wanaisoma kwa miaka zaidi ya mia mbili. Marbury barua hakuipata.

#25 Mama Zai
Kumbe hata wazungu barua zao zinalala mezani.

#26 Bado Nasubiri
Sisi ambao hatuna hela ya wakili tufanye nini? Mimi nafuatilia mafao ya marehemu mume wangu, ofisi fulani, mwaka wa tatu. Nikifika mlinzi ananisalimia kwa jina.

#27 Karani Mstaafu
Pole sana mama. Andika barua, usiende kwa mdomo. Peleka nakala mbili, yako igongwe mhuri na tarehe. Barua ikishapokelewa inapewa namba ya folio, yaani namba ya karatasi, ndani ya jalada, haitoki tena bila mtu kuonekana. Kwa mdomo wewe ni mgeni aliyepita tu. Kisha peleka malalamiko Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora, haitaki wakili. Sisi wa zamani tunaikumbuka kama Tume ya Kudumu ya Uchunguzi, ya 1966. Meno yake ni ya kupendekeza, lakini barua yake ikifika ofisini mkubwa anaisoma mwenyewe.

#28 Sukari Guru
Aongeze na sheria ya kupata taarifa ya 2016. Anaomba aambiwe kwa maandishi ombi lake limefikia wapi, wana siku 30. Kenya ni 21.

#29 Bado Nasubiri
Asanteni. Jumatatu naenda na nakala mbili.

#30 Nyangumi07
Mtoa mada kakimbia? Alisema "ombi limefanyiwa kazi". Hati umepata au vipi?

#31 Mkwezi wa Mlandizi
Nipo. Nilikuwa nasoma tu, na roho inauma kidogo kuwaambia.

Nilikwenda ile Ijumaa nimevaa shati la Idi. Nikapewa bahasha. Ndani karatasi moja: ombi limekataliwa kwa sababu eneo liko ndani ya hifadhi ya barabara. Mistari mitano, mhuri, saini. Miaka minne ya kusubiri mistari mitano. Wakili wangu anafurahi, anasema "tumepata uamuzi". Nikamwambia wewe umepata uamuzi, mimi nimepata barabara.

#32 Kiroboto wa Kibaha
😳 Dah.

#33 Otoyo254
Pole ndugu. Si nilisema, JIBUNI si JIBUNI NDIYO.

#34 Mama Zai
Hao wamekukomoa kwa sababu umewashtaki! Ungewaona pembeni mapema sasa hivi unajenga.

#35 Ngosha wa Ohio
Huku nako woga huo upo, kwamba ukiwashtaki wanakuhasiri. Mimi hawakunihasiri, jirani yangu anaapa kwamba yeye walimhasiri. Hata hivyo Mkwezi ameniharibia nadharia yangu. Nilisema wanaoshtaki ni wenye faili safi.

#36 Wakili Nusu Msomi
Mkwezi, sikiliza. Yale maombi ya mandamus yamekufa: uliomba wajibu, wamejibu, hakuna cha kuamriwa. Ndiyo maana nao hukimbilia kujibu mapema. Kesi inaisha bila jaji kuandika lolote juu ya ile miaka minne, na gharama pengine kila mtu abebe zake. Hiyo nayo iongezeni kwenye orodha ya majibu ya swali lako la kwanza.

Sasa una kitu ambacho hukuwa nacho, uamuzi wenye sababu. Huo unaweza kuupinga kwa certiorari, mahakama iufute kama umekosea kisheria. Kibali upya, miezi sita inaanza tarehe ya barua. Hii haina ubishi, Sukari Guru.

#37 Sukari Guru
Hapo sina neno.

#38 Karani Mstaafu
Mkwezi, kabla ya certiorari wala nini. Kiwanja cha mzee kiko karibu na barabara kuu?

#39 Mkwezi wa Mlandizi
Hapana. Ndiyo maana nimechanganyikiwa. Kutoka bikoni ya mwisho hadi lami ni mwendo wa kukata sigara nzima. Kuna nyumba za watu tisa katikati, na watatu wana hati.

#40 Karani Mstaafu
Chukua ile barua ya kukataliwa. Juu kushoto pana "Kumb. Na." Chukua na risiti yako ya 2020. Soma zote mbili polepole, tarakimu kwa tarakimu, uniambie.

#41 Nyangumi07
Karanga zimeisha, naomba mtu aniletee nyingine.

#42 Mkwezi wa Mlandizi
Risiti yangu inaishia /71.
Barua inaishia /17.

#43 Kiroboto wa Kibaha
WEEEE.

#44 Wakili Nusu Msomi
Usiende ofisini peke yako. Piga picha zote mbili, mtumie wakili wako sasa hivi. Inawezekana ni kosa la kuchapa kwenye barua tu na hifadhi ya barabara ni kweli, usishangilie. Apatikane mpima, mchoro wa mipango miji utolewe, tuone.

#45 Mama Zai
Au wamebadilisha makusudi.

#46 Ngosha wa Ohio
Au huyo wa /17 ndiye kapewa hati yako, naye yuko kwenye uzi mwingine anashangilia.

#47 Karani Mstaafu
Msimtishe. Mkwezi, uliza jalada la /17, usiulize la kwako. Ukiliona, fungua ukurasa wa ndani wa gamba, pana orodha ya folio. Tafuta jina la mzee.

#48 Mkwezi wa Mlandizi
Nimempigia dada wa mapokezi, anasema atanitafutia, nije Alhamisi. Halafu kanitumia kadi, mwanawe ana kipaimara Jumamosi.

#49 Karani Mstaafu
Toa ya double.